Unga wa Kumfungua Shemeji

Mimi Mwanasha sipendi kuulizwa kwa nini sikuolewa na Mahmudu. Wanaouliza wanajua, wanataka tu kuniona nikikasirika. Basi leo nasema, na mnyamaze mnisikilize.

Mahmudu alikuwa mume wa dada yangu Mwanne. Kwao Lupaso, akaja kukaa kwetu Mnyambe, maana kwetu mwanamume ndiye anayehamia kwa mke. Wakati ule mabomba ya Serikali yalikuwa bado maneno matupu. Maji tuliyafuata bondeni, unaondoka alfajiri unarudi jua kali. Ni kazi ya wanawake. Mwanne alipokuwa na mimba ya Stamili, Mahmudu alibeba mtungi yeye mwenyewe. Wanaume walimcheka mpaka wakachoka. Yeye akiwauliza tu kama maji yake hayanyweki, kisha anapita zake.

Mimba ya pili ilimwua dada yangu, yeye na kichanga chake. Stamili ndiyo kwanza alikuwa anajifunza kusema. Hakumtaka mtu mwingine ila baba yake; alilala kifuani pake, na shambani alikaa mabegani.

Arobaini ilipokwisha, mjomba wetu Fikirini aliita ukoo. Mila yetu ni hii: mke akifa, na mume ni mtu mwema, ukoo humpa mdogo wa marehemu ili nyumba isife. Akikataa, hupakwa unga wa mtama kwenye paji la uso, amefunguliwa, arudi kwao. Watoto hawaendi popote. Ni wa ukoo wa mama yao.

Mdogo wa marehemu ni mimi. Mjomba alikuwa ameniuliza mapema, nikasema ndiyo. Nilisema kwa ajili ya Stamili. Haya, na kwa ajili yangu pia. Mwanamume wa kubeba mtungi ningempata wapi mwingine?

"Mkwe," mjomba akasema mbele ya watu, "huyu hapa Mwanasha. Kaa nasi."

Mahmudu akanitazama. Mimi na dada tulifanana sana, hata mama alikuwa akituchanganya kwa mbali.

"Siwezi, mjomba," akasema. "Kila nikimwona huyu, namwona mwenzangu. Nitamkosea yeye, nitamkosea na aliye kaburini."

Niliumia, msinione hivi. Na bado nilizidi kumpenda kwa maneno yaleyale aliyonikatalia.

Mjomba hakubishana. Alichota unga, akampaka. Hapo Stamili akaja mbio, akamshika baba yake mguu, naye akamwinua. Mjomba akanyoosha mikono ampokee mtoto.

Mahmudu aliijua mila kama sisi. Nadhani kilio cha kufiwa na mke kilikuwa kimemziba macho mpaka alipoiona ile mikono. Alipiga magoti na mtoto wake kifuani.

"Mjomba, nimekubali. Nipeni Mwanasha. Nitakaa."

"Umekwisha funguliwa, mwanangu," mjomba akajibu, na hakujibu kwa ukali. "Unga ukishapakwa haufutwi. Sina uwezo huo."

Hakuna aliyeniuliza mimi. Mtu aliyenikataa ananitaka kwa sababu ya mtoto, na mimi ningemkubali palepale. Nilifumbua mdomo niseme, mama akanibana mkono kwa nguvu. Wakamtoa Stamili kifuani pake. Alilia mpaka sauti ikamkauka, akalala mgongoni kwangu.

Miaka ikapita bila Mahmudu kuonekana. Tulisikia anaugua huko Lupaso. Siku moja wakati wa korosho akatokea uani, amekonda, kafunga kitu kwenye kitambaa, zawadi ya mtoto. Stamili alikuwa anatwanga. Aliuweka mchi chini, akapiga goti kwa adabu niliyomfundisha mimi.

"Shikamoo, mgeni. Karibu, mama yumo ndani."

"Marahaba," Mahmudu akasema.

Akaniona mlangoni. Nilitaka kumwambia mtoto, huyu ni baba yako, lakini Mahmudu alitikisa kichwa, nami nikashindwa kusema.