Kurasa za Mwisho za Bwana Tahariri

Bwana Tahariri alikuwa na kampuni ya kuchapisha vitabu yenye chumba kimoja, feni moja na mwandishi mmoja, dada yake mkubwa. Dada aliandika riwaya za mapenzi, watu wakazigombania. Naye Bwana Tahariri kila riwaya aliibandika nyuma uchambuzi wake wa siasa, maana peke yake haukununulika hata wa kufungia karanga. Miaka nenda miaka rudi aliichamba serikali, na serikali kimya. Jamani, inauma! Wenzake walikwisha kamatwa, wakatoka na heshima zao. Yeye hata kuitwa kituoni akatoe maelezo, wapi!

Safari hii waziri mmoja alimchefua, uchambuzi ukafurika. Sasa vitabu huchapwa kwa mafungu ya kurasa kumi na sita, na kuongeza fungu jingine ni gharama asiyoiweza. Basi akafyeka sura ya mwisho ya riwaya ya dada yake, uchambuzi upate nafasi. Hakuisoma. Riwaya zake hakuwahi kusoma hata moja. Mambo ya nakupenda-nami-nakupenda, alisema, ni ya watoto.

Kitabu kikatoka. Wiki haijaisha, hodi! Maofisa wawili wa usalama, mmoja mnene, mwingine mwembamba. Mnene kashika kitabu chenyewe. Bwana Tahariri furaha nusura imuue. Akavuta begi lake la jela, lililokaa tayari tangu enzi na enzi, mswaki wake ndani.

"Twendeni," akasema. "Kila neno ni langu. Sifuti hata nukta."

"Kumbe ni wewe!" Mnene akamsogezea kitabu puani. "Wewe ndiye uliyemwacha nesi stendi, na mimba yake, hajui mwanamume anarudi au harudi?"

"Nesi gani?"

"Eti nesi gani!" Mwembamba akamaka. "Ofisi nzima hailali. Mkuu kasema tusirudi bila jibu."

"Lakini nimemwita waziri mwizi! Mchana kweupe!"

"Zile kurasa za nyuma? Tulizipekua tukimtafuta nesi. Hayumo. Haya, mzee, sema. Anarudi?"

Kwenye meza ya pili dada yake alikuwa ameweka kalamu chini.

"Wajibu, mdogo wangu," akasema. "Si umekichapa wewe?"

Aibu ikamshuka mpaka miguuni. Mnene akamtazama, akaelewa, akasikitika kwa dhati. "Masikini, hata yeye hajui."

Dada akavuta kiti, akaanza kuwasimulia sura iliyofyekwa. Maofisa wakakaa juu ya marobota ya vitabu, kofia mapajani. Bwana Tahariri alitaka kuwakatiza, awasomee japo aya moja tu ya waziri, lakini basi lilikuwa limekwisha ingia stendi. Mlango ukafunguka. Nesi akasimama, mkono tumboni, akaona kiatu cha kiume kikikanyaga ngazi ya kwanza. Dada akavuta pumzi.

"Halafu?"

Wote wakageuka. Alikuwa Bwana Tahariri, machozi yakimlengalenga.

Dada akamsogezea robota moja akae.

"Miaka yote hii," akasema, "leo ndiyo unaniuliza."