Aje Mwenyewe

Mimi sina subira, na sijawahi kudai kwamba ninayo. Mke wangu ndiye aliyekuwa nayo, ya kututosha wawili, na tangu afariki mwaka juzi nyumba imebaki na mpiga kelele peke yake. Nabishana na mtangazaji wa redio. Asubuhi namrekebisha, jioni namrekebisha, naye hanijibu. Binti yetu hupiga simu kutoka huko mbali aliko, anauliza kama nimekula, nasema nimekula, tunaagana. Upweke unauma jamani, asikudanganye mtu.

Basi ikaja barua ya serikali. Si yangu, ni ya mke wangu. Ilisema hajamaliza kulipa mkopo wa masomo aliopewa aliposomea ukunga, na kwamba asipolipa, nyumba hii iliyo kwa jina lake itapigwa mnada. Nyumba hii nimeipaka rangi mwenyewe, chumba baada ya chumba, maana ndiyo kazi yangu, na kila rangi aliichagua yeye. Wakiiuza, sina pengine pa kumkumbukia. Nikasema, safari hii watanijua.

Nikachukua cheti chake cha kifo nikaenda ofisini kwao. Dada wa dirisha la kwanza hata hakukigusa.

"Mzee, deni ni la mama. Aje mwenyewe."

"Amefariki."

"Kwenye kompyuta yupo. Taarifa za mkopaji hubadilishwa na mkopaji."

"Akija mwenyewe, dada yangu, mtatoka mbio wote humu, na mlinzi atawatangulia."

Hakucheka. Dirisha la pili wimbo ukawa ule ule. La tatu mwenyewe alikuwa amekwenda kunywa chai. Nikarudi nyumbani nafoka njia nzima, nikamfungulia mtangazaji, hasira zote zikamwishia yeye.

Baadaye ikaja barua nyingine, nayo ya mke wangu. Kabla ya mnada, mdaiwa ana haki ya kusikilizwa, kwa hiyo anaitwa mbele ya kamati. Haya, nikasema, kumbe masikio wanayo. Nilijiandaa vilivyo. Siku hiyo asubuhi, mbele ya kioo, povu la kunyolea limenijaa kidevuni, niliwatukana kwa adabu kuanzia mwenyekiti mpaka mfagizi.

Chumba chenyewe kilikuwa kidogo: meza, feni, na benchi la sisi wenye shida. Mwenyekiti alikuwa mama wa makamo, miwani ikining'inia kifuani kwa kamba. Karani wake, mwenye tai, akatueleza utaratibu. Kila mdaiwa ataitwa mlangoni mara tatu. Asipoitika, uamuzi utatolewa bila yeye.

Nikaweka cheti mapajani, maneno yananiwasha ulimi. Karani akaenda mlangoni, akamwita mke wangu.

Alimwita kwa majina yake yote matatu, akatanguliza na Bibi. Aliyatamka vizuri, bila haraka, kama mtu anayemhitaji kweli. Mimi na mdomo wangu wote nikakauka. Tangu mazishi sikuwa nimelisikia jina lile likitajwa lote. Majirani husema marehemu. Binti yetu husema mama. Na mimi peke yangu nyumbani nimtajie nani?

Karani akamwita mara ya pili, kwa sauti zaidi, kisha akatazama mezani.

"Ngoja kidogo," mwenyekiti akasema. "Huenda ngazi zinamsumbua. Acha mlango wazi."

Basi tukakaa, serikali nzima inamsubiri mke wangu. Sitawaficha, nami nilikuwa nautazama ule mlango. Nilijua ni upuuzi, lakini niliutazama.

Mwenyekiti akashika kalamu. "Haya, mara ya mwisho."

Nikajua ya tatu ikipita, nyumba nayo imekwenda. Nikainuka. "Mheshimiwa, hatakuja," nikasema, nikampa cheti. Hotuba yangu yote ilikuwa imeyeyuka.

Alivaa miwani, akakisoma mbele na nyuma. "Uliwahi kukileta hiki?"

"Madirisha matatu."

Akavua miwani. "Tulipaswa kukusikiliza siku ile ile. Pole sana, baba. Mkopo wa namna hii hufutwa mkopaji akifariki. Nyumba yako haiguswi." Akaandika, akagonga mhuri, akamgeukia karani. "Jina la mama liondolewe kwenye orodha yetu leo hii." Kisha akaniambia kwa upole, akidhani ananifariji, "Hatutamwita tena."

Nikashukuru. Nilichokifuata nilikuwa nimekipata, ningetoka pale natembea kifua mbele. Lakini sikuondoka. Mwenyekiti akaniona bado nimesimama.

"Kuna jingine, baba?"

"Lipo," nikasema. "Utaratibu wenu ni mara tatu. Mmemwita mara mbili."

Mwenyekiti akaweka kalamu chini.

"Ni kweli," akasema. "Mwite."

Karani akarudi mlangoni, akanyoosha tai yake, akamwita mke wangu kwa majina yote matatu, mpaka watu wa koridoni wakanyamaza. Wote mle ndani tukageukia mlango, tukasubiri.