Kitanda Mpakani

"Inua, usivute! Utanivunja mguu," Tracey alifoka.

"Mguu utapona. Inua," alijibu Maureen Tuckwell.

Kitanda cha chuma kilikwaruza sakafu, kikagonga meza, kikasimama. Kilikuwa cha marehemu mama yake Maureen, na tangu enzi za huyo mama kilikaa upande wa kulia wa chumba, ule wa kijito, kwa sababu kushoto kulijaa jiko na meza. Katikati ya sakafu, kutoka mlangoni hadi dirisha la nyuma, ulipita mstari wa vigae vyeusi. Kushoto kwa vigae ni parokia ya Little Osmer, kulia ni Harrowdene. Maureen alikuwa amepikia Little Osmer na kulala Harrowdene maisha yake yote, wala hakuwahi kuona kuwa hilo ni tatizo mpaka mwaka huu.

Nyumba haikuangukia pale kwa bahati. Matajiri walipozungushia ua malisho ya wote, Jem Tuckwell, babu wa babu yake, alitafuta mahali ambapo hakuna wa kumfukuza, akajenga juu ya mpaka wenyewe. Alijua kila parokia itasema kumbomolea ni kazi ya jirani. Ikawa hivyo, mpaka mwenye shamba kubwa alipotokea na wakili, akina Tuckwell wakageuka wapangaji ndani ya kuta walizozijenga kwa mikono yao.

Habari hizi zimo kwenye kijitabu cha historia ya Little Osmer, chenye picha za kanisa, kilima cha chokaa na kondoo. Kimeandikwa na Piers Ashcombe, aliyekuja kutoka London akainunua nyumba kubwa ya shamba hilo pamoja na vijumba vyake vyote, hiki kikiwemo. Kijitabuni amewaita akina Tuckwell "uti wa mgongo wa kijiji." Kwenye notisi amemwambia Maureen ahame kabla ya mwisho wa mwezi, kwa kuwa kibanda cha Jem kitakodishwa kwa watu wa mapumziko ya wikendi, wanaopenda sana historia.

Kando ya kanisa kipo kijumba cha sadaka. Mjane mmoja wa kale alikiacha kwa ajili ya mkazi yeyote wa Little Osmer atakayekosa pa kulala. Kilikuwa kitupu tangu majira ya baridi. Maureen alikiomba. Wadhamini, ambao mwenyekiti wao ni Piers huyo huyo, walimjibu kwa masikitiko makubwa kwamba mkazi ni yule anayelala ndani ya parokia. Ukikaa na watu hawa unawazoea: hawakunyimi kitu kabla hawajasikitika.

"Na Harrowdene wamesemaje?" Tracey aliuliza, akijifuta jasho. Yeye na Maureen walikuwa wakifagia nyumba za watu wa wikendi na kutandika vitanda vya watu wasiokuwepo.

"Wanasema mlango wangu unafungukia Little Osmer."

"Wana akili za mbuzi."

"Mbuzi angenionea huruma. Haya, sukuma."

Walihamishia meza kulia, wakakibana kitanda kwenye jiko. Chote kilikuwa kushoto, ila ncha moja iliyovuka vigae kidogo na kuacha, kati yake na meza, njia ya mtu mmoja kupita kiubavu. Maureen alivua viatu, akapanda kitandani na aproni yake, akajifunika blanketi hadi kidevuni.

"Leo wanapita," alisema. "Kasisi atakuwepo, na kijiji kizima. Wanione nimelala wapi, halafu waniambie tena habari za Harrowdene."

Kila mwaka, kabla ya sikukuu ya Kupaa, watu wa Little Osmer huuzunguka mpaka wao wakiwa na fito, wakichapa mawe yake yasisahaulike. Kwa akina Tuckwell huingia mlangoni, huchapa vigae, hutokea dirishani, na mama wa nyumba huwapa mkate na jibini. Zamani walikuwa wachunga ng'ombe na wahunzi. Siku hizi ni wastaafu wa mabenki na mbwa wao, wamevaa mabuti ya mpira ya bei mbaya ambayo hayajawahi kukutana na tope.

Walifika wakicheka. Piers alikuwa mbele, fito begani, nyuma yake Kasisi Hilary akihema. Piers alisukuma mlango, akaona kitanda, kicheko kikamkauka.

"Maureen! Unaumwa?"

"Sijambo, Bwana Ashcombe. Nimelala tu. Ingieni, mkate uko mezani."

"Kitanda kinaziba njia."

"Hakizibi. Tracey kapita, na mnamwona alivyo."

"Nimepita nikageuka nikapita tena," Tracey alisema.

Watu walijazana mlangoni, wakanyoosha simu wapige picha. Maureen aliketi kitandani.

"Kasisi, nakuomba uangalie vigae. Mimi niko upande gani?"

Kasisi Hilary aliangalia vigae, kisha akayaangalia mabuti yake.

"Mpendwa, hili jambo lina mambo mengi ndani yake..."

"Lina kitanda ndani yake. Kiko kushoto au kulia?"

Hata mbwa waliona kuwa pale ni kushoto. Ndipo Piers akakohoa, akapata neno ambalo huwaokoa watu wa aina yake kila wanapobanwa.

"Bima," alisema. "Bima yetu hairuhusu watu kuruka samani. Mtu akianguka humu nani atalipa? Samahani sana, Maureen. Mwaka huu tutazunguka nje."

Nje kuna njia mbili. Ya kulia ni ya kijito, ina upupu na matope, na anayepita huko anaiacha nyumba nzima ndani ya Little Osmer. Ya kushoto ni barabara ya lami, nayo inaiacha yote Harrowdene, kwa kuwa mpaka ni pale fito zinapochapa. Maureen alishusha miguu sakafuni, akasikiliza. Kasisi alisita kidogo penye kona, akatazama upupu. Kisha mabuti yote yakageukia lami.

Fito zikaanza kuchapa ukuta nyuma ya jiko, moja baada ya nyingine, huku watu wakihesabu kwa furaha, nao wakapita hivyo mpaka mwisho wa nyumba.

"Wamepita wapi?" Tracey aliuliza, ingawa alikuwa amesikia.

"Barabarani."

"Kwa hiyo hata jiko wamekunyang'anya. Washenzi wakubwa hawa."

Maureen aliona aibu kwa kuwa aliwahi kuwaamini. Walikuwa wamemtoa kijijini bila hata kulowesha soksi.

Dirisha la nyuma likagongwa. Alikuwa Piers, amechangamka tena, mkono umekwishaingia ndani, kiganja juu.

"Mkate, Maureen? Mila ni mila."

Maureen alichukua mkate, akaukumbatia kifuani.

"Mkate wa Harrowdene huu, Bwana Ashcombe. Ninyi kaombeni kwenu."

Akashika dirisha na kuanza kulifunga, taratibu, mpaka Piers akautoa mkono wake.