Bega la Mwiko

Mume wangu ni fundi plasta, na sifa yake ni dari. Kuta anasema ni za wanaojifunza. Miaka yote amepanda jukwaa, shingo kaikunja nyuma, mwiko juu, plasta inamdondokea usoni, naye anapiga mluzi. Siku bega la kulia lilipochomoka, mluzi ulikatika katikati. Hospitali walilirudisha mahali pake, ila mkono ukagoma kupanda kupita kidevu.

Tangu hapo namvalisha shati mimi. Mwanamume mzima, ndevu zina mvi, anasimama katikati ya chumba akisubiri kufungwa vifungo. Mimi nacheka, yeye ananuna, ndoa inaendelea.

Bosi wake, ambaye huruma aliisahau tumboni mwa mama yake, alimpa hadi mwisho wa mwezi. Asiporudi jukwaani, dari zote za shule mpya wanayoijenga atapewa shemeji yake, yaani kaka yangu, na yeye atabaki chini kumkorogea plasta. Kumkorogea mtu ambaye yeye mwenyewe ndiye aliyemfundisha kushika mwiko!

Mtaalamu wa mazoezi aliyetumwa na hospitali alikuwa binti mwembamba, mpole wa sauti, jemadari wa moyo. Alimfungia kipande cha tyubu ya baiskeli kwenye nondo ya dirisha la chumbani kwetu.

"Baba, kiwiko ukibane ubavuni, na hili taulo katikati. Shika mpira, vuta kwenda nje, polepole. Ukimaliza, sukuma ukuta kwa viganja na urudi. Kila siku."

Mume wangu aliutazama ule mpira. Mtu wa kubeba ndoo za zege anapewa manati.

"Hii ni dawa au mchezo?"

"Ni dawa, baba. Itauma kidogo."

Nilijua hatafanya. Kumbe kila asubuhi akawa anajifungia chumbani, nasikia mpira unalia na yeye anahema. Nikatamba kwa majirani kwamba nimeolewa na mwanamichezo. Wiki zikapita, mkono haujapanda hata unene wa kidole, nikaanza kumsema vibaya yule binti wa watu.

Asubuhi moja alisahau kufunga mlango, nikaingia na chai. Kiwiko kimebana ubavuni, taulo lipo, mgongo umenyooka, kila kitu kama alivyoelekezwa. Ila mkono ulioshika mpira ulikuwa wa kushoto, ule mzima. Bega la kushoto limeumuka kama mkate, la kulia limelala tu pembeni.

"Wewe mzee, huo ndio mkono mgonjwa?"

"Sikiliza, mke wangu. Ukuta ukichoka upande mmoja, unaimarisha upande wa pili ubebe mzigo. Huu mgonjwa upumzike kwanza."

"Na plasta iliyoachia ukuta unaifanya nini? Unapaka rangi juu yake?"

Jibu analijua kuliko mimi, ndiyo kazi yake.

"Dawa ya jipu ni kulitumbua," nikaendelea, maana nikishapanda sishuki upesi. "Bosi akisema inua mikono, utainua mmoja kama mwanafunzi anayeomba kwenda chooni?"

Nilitegemea anune. Badala yake alikaa kitandani, akauachia mpira.

"Naogopa," akasema. "Nisipoujaribu mkono huu, bado ni mgonjwa tu. Nikiujaribu ukakataa, basi umekufa. Mimi nitakuwa nani?"

Nilimhurumia mpaka macho yakaniwasha, na nilimpenda vilevile, mjinga yule. Nikaweka chai chini, nikamwinua, nikambania taulo ubavu wa kulia, nikamshikisha mpira.

"Vuta."

Alifumba macho. Jasho likamtoka, mdomo ukapinda. Kwa muda hakuna kilichotokea. Kisha mpira ukanyooka kidogo.

"Umekwenda?"

"Fumbua macho uone."

"We niambie tu."

"Umekwenda. Ila kidogo sana, mzee. Mwezi huu utamkorogea kaka yangu."

Akafumbua macho. Akautazama mpira uliovutika, akautazama mkono wake.

"Basi nitamkorogea," akasema, akavuta tena.