Ndugu Hawashtakiani

…na sasa amesema miezi sita, hiyo nimeisikia vizuri, Kizungu changu ni cha darasa la saba lakini miezi naijua, na Jerono, wakili wetu, ameacha kuandika, amefunika kalamu, wakili akifunika kalamu jaji bado anasoma si hiyo ni habari mbaya, labda wino umeisha, Bwana, fanya iwe ni wino, na Nakhungu mke wangu ananigusa kiwiko, "Baba Levi, anasemaje?" ngoja mama, ngoja kidogo, "Ametaja jina lako?" ametaja, jina langu na kituo cha mifugo kule Kitale, ambako nilikaimu ukuu mpaka watu wa Matisi wakasahau kwamba ni kukaimu tu, wakaniita mkubwa, na mimi nikaitika, Mungu anajua nilivyopenda kuitika, nilikuwa nanyoosha koti kabla sijashuka kwa baiskeli, halafu kamati ya kugawa vyeo ikakaa hapa Bungoma bila kuniita hata kwa mahojiano, cheo na mshahara wake akapewa Bethwel, kijana mzuri, sina neno naye, alikuja nyumbani amenyong'onyea, "Mzee, mimi nilijua na wewe umeitwa," kumbe sikuitwa, na hilo tu ndilo nililotaka jaji aseme, si anipe cheo, Jerono alituambia mapema, korti haitoi vyeo, korti inafuta uamuzi mbaya na kuiambia kamati rudini mkae tena mumsikilize huyu mtu, basi, mnisikilize, hata mkininyima tena mninyime nikiwa mbele yenu… nyuma yangu kuna mtu anapiga miayo, "Huyu jaji bana, anasoma kama amefukuzwa na mvua," mwenzake anacheka, wao kesi yao ni ya shamba, wacha wacheke… na Mzee Hiram yuko pale, benchi ya upande wa serikali, mwenyekiti wa kamati, suti yake ile ya kwenda kuzika watu, na ndiye mzee wa kanisa letu kule Matulo, ndiye niliyemwendea kwanza, mahindi yakiwa magotini, nikasema Mzee nimeumia, nataka kwenda kortini, akanishika mkono, "Ati korti? Wewe msomaji wa Biblia, Paulo aliwaambia nini Wakorintho? Ndugu hawashtakiani mbele ya wasioamini. Lete neno kwa wazee," nikalileta, na kwetu neno likishaingia kwa wazee hulipeleki pengine mpaka walitoe, wakaja kwangu, Nakhungu akachinja, Hiram akapewa firigisi, firigisi ni ya mkubwa, akaitafuna polepole, akasema neno hili ni zito, tumngoje mzee wa Lugulu, anaumwa mguu, tukaungoja mguu, halafu kukawa na matanga, halafu mavuno, wakaja tena, kuku mwingine, firigisi nyingine, "Subira, ndugu," nami nikasema amina, na Nakhungu akanivuta jikoni, "Hawa watamaliza kuku na neno halijaisha, si uende kwa wakili?" nikamkemea, nikamwambia asiwe kama mke wa Ayubu, Bwana nisamehe hilo, yeye alikuwa anaona, mimi nilikuwa nimefumba macho na kuita imani… Jerono amegeuka, ananong'ona, "Mzee, anasema ni kweli hawakukuita, na walikosea, lakini ulikuja kortini nje ya ile miezi sita ya sheria, na sheria haimruhusu kuongeza hata siku moja, pole sana," na kiapo, namwuliza, ile karatasi Hiram aliyoiapia hapa kortini, ameisema? "Ameitaja. Kwamba ulikaa tu, bila sababu yoyote," nilikaa tu, bila sababu, na huyo aliyeapa hivyo ameshika Biblia ndiye aliyeniambia nikae, alijua hesabu ya muda, wana wakili wa serikali mlango wa pili, alijua, au hakujua, labda waliiandika wengine yeye akatia sahihi tu, labda hakusoma… unaona, hata sasa namtafutia mlango wa kutokea, ndio ugonjwa wangu, kila mtu namtafutia mlango halafu nabaki ndani peke yangu, na najua tukitoka atanijia pale barazani, "Ndugu, tuombe," nami nitainamisha kichwa kwa mazoea, na nikikiinamisha nitakuwa nimekiitikia amina kile kiapo… hapana, Bwana, wacha nikuambie wewe kwanza kabla hujasikia kwa wazee, kile nilichokuwa naita subira kilikuwa hofu, nilimwogopa Hiram kuliko nilivyokuamini wewe, na leo simsamehe, kesho sijui, labda ukinisukuma, lakini leo mkono wake siushiki, niandikie dhambi hiyo kwa jina langu, usimwandikie Nakhungu… "Baba Levi, tumeshinda?" jaji amegeuza ukurasa, bado anasoma, Nakhungu amenishika mkono wa shati, miaka yote amekuwa akiuliza nami nikimwambia ngoja, leo simwambii ngoja, nitamwambia walikosea, jaji mwenyewe amesema walikosea, na tumeshindwa, mama, yote mawili, na wewe uliniambia…