Chupa Kando ya Betri

Taa nyekundu ya breki iliwaka mwezi mmoja baada ya mazishi ya mumewe, na mjane akalipeleka gari gereji akiwa amekunja ndita.

"Breki ya mkono nimeshusha, usiniulize," alimwambia fundi. "Miaka yote taa hii haikuwahi kuwaka. Gari nalo limejua nimebaki peke yangu."

Fundi alifungua boneti, akatoa gurudumu moja, kisha akarudi na chupa ya mafuta ya breki iliyozungushiwa kitambaa.

"Nimeikuta kando ya betri, mama. Pedi za breki zimelika hadi chuma. Zikilika, mafuta hushuka na taa huwaka. Nadhani mzee alikuwa anajaziajazia ili isiwake."

"Ili nisiulize," alisema mjane polepole. Alikumbuka vidonge vya moyo alivyovikuta ndani ya viatu vya marehemu, siku aliyopanga nguo zake.

"Basi nikuongezee mafuta uende, pedi tubadilishe kesho?"

Mjane alivuta kiti, akaketi.

"Badilisha sasa hivi, mwanangu. Yule bwana amenificha ya kutosha."