Rubi ya Kupaishia Chombo

Saa tano asubuhi Verna Stockdill alikuwa akipanga trei za rubi, na mumewe Hollis akiyanyunyizia mawe maji ili yang'ae, kama wafanyavyo wauzaji wote katika soko lile la mahema, jangwani Arizona. Kivuli kikawafunika. Chombo cha wageni kilikuwa kimerudi, kimesimama hewani juu ya meza yao, juu kupita tangi la maji, kimelalia ubavu.

Wageni hao huja kutoka anga za mbali kila Januari kununua rubi za kuendeshea injini. Ni wateja wazuri, hawaombi kupunguziwa. Safari hii walikuwa wamempa lifti Joleen, binti wa Verna, aliyekuwa akienda Flagstaff kumwona shangazi yake.

Mgeni mmoja akashuka taratibu, maana wao hawana uzito. Akafungua kiganja. Ndani yake mlikuwa na vipande vya rubi na tone la kioo lililoganda.

"Bwana Hollis, jiwe lako limeyeyuka. Nguvu iliyobaki ni ya nusu saa. Tupe jingine."

Verna alijua kosa liko wapi. Kwa miaka kumi na minane Hollis alikuwa akiziba nyufa za rubi kwa kioo, katika tanuri dogo nyuma ya gari. Pale mezani hapakuwa na hata moja nzima.

"Mama!" Joleen akaita dirishani. "Huku kiyoyozi kimezima!"

Verna akakimbilia meza ya jirani. "Delbert, unayo ambayo haijatiwa kioo?"

"Verna, tangu lini tunaulizana hayo?"

"Mwanangu yuko juu, Delbert."

Delbert akakitazama chombo, akazitazama rubi zake, akazifunika taulo. Wa meza ya pili naye akafunika. Wa tatu akakumbuka kwamba ana haja ya kwenda chooni.

Chombo kikazidi kuinama. Viti vikasikika vikiporomoka ndani, na Joleen hakuita tena. Verna akashika pete yake ya ndoa, yenye jiwe la rubi; ilikuwa imekaza, akailainisha kwa mafuta ya donati aliyokuwa hajaimaliza.

"Hii nilivishwa kabla hatujaanza mambo haya," akamwambia mgeni.

Hollis akaanza kupanga upya trei zilizokwisha kupangwa.

Mgeni akashukuru, akapanda nayo. Chombo kikanyooka, kikaanza kupaa, na Joleen akaonekana akipunga mkono.

"Hollis," Verna akasema, macho yake juu. "Jiwe la ile pete. Niambie."

Hollis akachukua chupa ya maji, akanyunyizia trei. Mteja mwenye kofia pana alikuwa ameshasimama mezani, akiuliza kama rubi hizo ni halisi.

"Halisi kabisa, ndugu yangu," Hollis akasema, taratibu, kwa upole, na Verna akaitambua sauti. Ndiyo ile ile aliyotumia siku alipomvisha pete.